Mwanga mzuri unaoua: mwongozo kamili wa kuubuni kwenye stori yako ya fantasia, hatua kwa hatua

Nimesoma rasimu nyingi za stori za fantasia za Kiswahili na karibu kila moja ina mwanga ndani yake. Mwanga wa buluu msituni, mwanga wa dhahabu juu ya mlima, mwanga unaotoka ziwani usiku wa manane. Na karibu zote zinafeli sehemu ile ile: mwanga unatokea, wahusika wanabaki mdomo wazi, mmoja anausogelea anageuka majivu, basi imeisha. Ukurasa unaofuata msomaji ameshausahau, maana hajui unatoka wapi, hajui unafanyaje kazi, na kikubwa zaidi hajui kwanini yule mtu aliusogelea wakati kijiji kizima kinajua kwamba unaua.

Sasa nimeamua kuandika hii kitu yote mwanzo mpaka mwisho mahali pamoja. Fuata kwa mpangilio na usiruke hatua, kwa sababu kila hatua inatumia kitu ulichokipata kwenye ile iliyopita. Nitatumia mfano mmoja toka juu mpaka chini, ni mwanga nilioubuni mwenyewe kwa ajili ya mwongozo huu, unaitwa Mwali. Usiuchukue kama ulivyo, angalia nimeujengaje halafu jenga wa kwako.

## Andaa hivi vitu kwanza

- Daftari la karatasi na kalamu. Kwenye simu utaandika haraka sana na utafuta haraka sana, na hapa tunataka makosa yako yabaki yanaonekana ili uyarudie.
- Kitu cha kuhesabia sekunde. Ya simu inatosha, ukimaliza iweke mbali.
- Karatasi moja kubwa ya kuchora ramani.
- Mwanga mmoja wa kweli ambao umewahi kuuona kwa macho yako mwenyewe.
- Mtu mmoja asiyesoma fantasia kabisa. Dada yako, jirani, mzee wa pale gengeni, yeyote yule ila awe na uvumilivu wa dakika kumi.
- Siku 5 hivi. Wanaomaliza kwa siku moja ndo hao wenye majivu.

## Hatua ya 1: Nenda kaangalie mwanga wa kweli

Usianze na kichwa chako. Kichwa kina picha za sinema na michezo ya kompyuta, zote zimeshabuniwa na watu wengine, ukianza huko utatoa kivuli cha kitu cha mtu.

Kama uko karibu na Ziwa Victoria au Tanganyika, nenda mwaloni usiku wa giza ukaangalie boti za dagaa zikiwa zimewasha taa. Toka ufukweni unaona kama mji mzima umeota juu ya maji. Ukipata nafasi kaa na mvuvi mmoja umuulize, atakwambia taa inavuta vijidudu vya majini, dagaa wanafuata, wakishakusanyika wavu unavutwa. Iwe karabai ya zamani au taa ya sola ya siku hizi kazi ni ile ile. Na usiku wa mbalamwezi kazi hiyo inalala, kwa sababu mwezi unamwaga mwanga kila mahali na dagaa hawana sababu ya kujazana sehemu moja. Andika yote hayo. Hapo umeshapata mwanga mzuri, unaoua, wenye ratiba yake, na hujabuni hata neno moja.

Kama uko pwani, kuna usiku ambao ukipiga kasia maji yanawaka vitone vya buluu. Ni viumbe vidogo sana visivyoonekana kwa macho, vinang'aa vikisumbuliwa. Na bahari ina makubwa kuliko hayo: Januari 1995 meli moja ya Uingereza inaitwa Lima ilikuwa inapita upande wa Somalia ikakuta maji yote yamekuwa meupe kama maziwa gizani, na baadae wanasayansi walipochimbua picha za setilaiti wakaliona eneo lenyewe, lilikuwa karibu kilomita za mraba 15,400. Hebu jiweke kwenye ile meli, usiku hakuna mwezi, na unaelea juu ya kitu kinachong'aa mpaka upeo wa macho.

Onyo: usiangalie jua, usiangalie moto wa welding, na radi iangalie ukiwa ndani ya nyumba, sio chini ya mti wala juu ya maji. Macho yako unayahitaji kwa stori zinazofuata.

Utajua umefaulu ukiwa na sentensi 10 ambazo hazina neno "mzuri", "ajabu" wala "kuvutia". Sio "mwanga wa taa ulikuwa wa kuvutia sana", andika "mvuvi aliponyoosha mkono kwenye taa niliona kingo za vidole vyake zimegeuka nyekundu, mwanga unapita kwenye nyama". Ukishindwa kufika 10, rudi kesho yake ukaangalie tena.

## Hatua ya 2: Uzuri na hatari vitoke kwenye mzizi mmoja

Hapa ndo penyewe. Ukiwa na muda wa hatua moja tu kwenye mwongozo huu wote, ifanye hii.

Wengi wanabuni mwanga mzuri, halafu pembeni wanabandika hatari. Mwanga ni wa zambarau, unapendeza, PIA una sumu. Hiyo "pia" ndo inayoua stori. Uzuri ukiwa huku na hatari kule, msomaji anauliza moyoni, sasa si wangekaa tu mbali? Na anakuwa sahihi.

Angalia jinsi inavyokuwa kwenye dunia yetu. Septemba 1987 kwenye mji wa Goiânia huko Brazil, watu wawili walitoa kipande cha mashine ya kutibu saratani kwenye jengo lililotelekezwa wakakiuza kwa mnunuzi wa vyuma chakavu. Ndani kulikuwa na unga wa madini ya mionzi, cesium-137, na usiku ule unga ulikuwa unatoa mwanga wa buluu. Kilichofuata kinaniuma kila nikikumbuka: kwa kuwa ulikuwa unapendeza, waligawiana. Ndugu na majirani walichukua vipande wakapeleka nyumbani, wengine wakajipaka mwilini kama pambo. Watu 4 walikufa, mmoja wao mtoto wa miaka 6. Sasa ona, ule uzuri haukuwa umebandikwa pembeni ya hatari. Buluu yenyewe ilitoka kwenye mionzi ile ile iliyokuwa inawaua, na uzuri ndo ulioibeba hatari nyumba mpaka nyumba kwa mikono ya watu wanaopendana.

Au chukua kupatwa kwa jua. Tarehe 1 Septemba 2016 watu walisafiri mpaka Rujewa, wilaya ya Mbarali kule Mbeya, kuona jua linavyobaki pete. Jua la siku zote huliangalii kwa sababu linakuchoma, jicho linajifunga lenyewe. Lakini likifunikwa nusu ukali unapungua, jicho linakubali kukaa wazi, na ule ukingo uliobaki unaendelea kuunguza nyuma ya jicho ambako hakuna mishipa ya kuhisi maumivu. Kinacholifanya litazamike ndicho kinacholifanya liwe hatari.

Sasa fanya hivi. Gawa ukurasa mara mbili. Kushoto andika "Unapendeza kwa sababu...", kulia andika "Unadhuru kwa sababu...". Jaza mpaka pande zote mbili ziwe na sababu MOJA, neno kwa neno.

Mwali wangu ulikuwa hivi. Kushoto: anapendeza kwa sababu ndani yake unaona rangi ambazo hazipo mahali pengine popote. Kulia mwanzoni niliandika "anapofusha", nikaona hapana, huo ni ule ule ugonjwa wa kubandika. Nikakaa nao siku mbili nzima. Mwisho nikapata hii: rangi unazoziona kwenye Mwali ni za kwako wewe, anazivuta toka machoni mwako ndo maana anang'aa. Kila unapomtazama unaona nyekundu ambayo hujawahi kuiona maishani, na ni nyekundu yako inaondoka.

Jaribio: futa uzuri wote wa mwanga wako. Hatari bado imesimama? Umefeli, rudia. Ukifuta uzuri hatari nayo ikaanguka hapo hapo, endelea hatua ya 3.

## Hatua ya 3: Weka kanuni, na ziwe na namba

Mwanga usio na kanuni hauogopeshi, unasumbua tu, kwa sababu msomaji hawezi kuona hatari inakuja. Wahenga walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha, na msomaji naye anataka kulijua zimwi kwanza ndo aanze kuliogopa vizuri.

Fikiria radi. Ukiona mmweko unaanza kuhesabu, kila sekunde 3 ni kama kilomita 1. Mtoto anayejua hiyo hesabu analala kitandani anahesabu tisa, sita, tatu, na hofu inapanda kwa sababu ANAJUA. Asiyejua anashtuka tu mlio ukipiga, basi.

Kanuni zisizidi 5. Zikizidi hapo utazisahau mwenyewe na msomaji atakukamata. Za Mwali ni hizi:

1. Anatoka usiku wa mvua ya kwanza na usiku mbili zinazofuata, mara moja kwa mwaka, kwenye bonde la chumvi peke yake.
2. Anapanda toka kwenye nyufa za chumvi, hafiki juu ya kiuno cha mtu mzima.
3. Ukimtazama hesabu 300 anaondoka na rangi moja. Anaanza na nyekundu, buluu ndo ya mwisho. Hesabu zinajumlishwa maisha yote, hazianzi upya mwaka ukiisha.
4. Ukimtazama kupitia kibuyu cha maji hakudhuru, ila huoni chochote cha maana.
5. Rangi ikienda hairudi.

Kanuni ya 4 iangalie vizuri. Kinga lazima iwepo, kwa sababu watu wanaoishi na kitu cha hatari vizazi na vizazi hawakosi kugundua namna ya kujikinga, ila kinga yenyewe iwe na gharama. Kinga ya bure inafanya wahusika wako waonekane wajinga kwa kutoitumia.

Ukimaliza chukua ile karatasi kubwa uchore. Mwanga unaanzia wapi, unaishia wapi, nyumba ya mwisho iko umbali gani, mtu akikimbia anachukua muda gani, na hapa toka nje ukimbie kweli upime sekunde. Mimi nilijua umbali wa bonde la Mwali kwa kutembea kwenye kiwanja cha mpira usiku nikiwa nimefumba macho na kamba mkononi.

Utajua umefaulu ukimpa mtu kanuni zako akakupatia mwenyewe hatari ambayo hukumtajia. Mfano mtu ataniuliza, sasa mtoto je, si mfupi, kiuno cha mtu mzima si ndo uso wake? Ndio, ndo hivyo hivyo.

## Hatua ya 4: Chelewesha madhara

Hii inasahaulika mno. Watu wanataka mwanga ugonge na mtu aanguke pale pale, wakidhani ndo unatisha zaidi, kumbe kifo cha papo hapo hakimpi msomaji nafasi ya kuteseka na mhusika.

Nikiwa mtoto kulikuwa na fundi welding jirani na kwetu. Jioni tulikuwa tunakaa kwenye ukuta kumwangalia, ule mwanga mweupe wenye ubuluu, cheche zinamwagika kama mchele, yeye kavaa kioo chake sisi macho makavu. Hakuna kilichouma. Tukarudi nyumbani, tukala, tukalala. Usiku wa manane nikaamka macho yamejaa mchanga, yani nasugua na hakuna mchanga, machozi yanatoka yenyewe, nikifungua yanachoma nikifumba yanachoma. Bibi akanikanda na kitambaa cha maji baridi mpaka asubuhi. Nilipokuwa mkubwa ndo nikasoma kwamba mionzi ya ule moto inaunguza ngozi ya juu ya jicho, na maumivu yanakuja saa kadhaa baadae, mara nyingi 6 mpaka 12. Tulikuwa tumeshaumia tukiwa tunacheka pale ukutani.

Kuna kuchelewa kwa saa, na kuna kuchelewa kwa miaka. Kuanzia miaka ya 1910 kule Marekani, wasichana waliokuwa wanapaka rangi ya radium, madini ya mionzi, kwenye namba za saa ili zing'ae gizani walikuwa wanalainisha brashi kwa midomo yao, na wengine walijipaka kucha na meno kwa kufurahi. Mifupa ya taya ilianza kuharibika baadae sana, wengine wakiwa wameshaacha hata hiyo kazi.

Kwa hiyo chora ngazi ya madhara. Dakika ile ile kinatokea nini, usiku ule, asubuhi yake, mwaka ukipita, uzeeni. Ngazi ya kwanza iwe ya raha. Narudia, ya RAHA, isiwe hata na dalili, kwa sababu pale ndipo msomaji anaanza kumpigia kelele mhusika wako moyoni na yeye hasikii.

Kwa Mwali: ukimtazama unasikia macho yamepoa, kama umeyanawisha maji ya mtungi. Usiku unaota ndoto za rangi kali. Asubuhi ndo unagundua nyekundu haipo. Uzeeni umebaki na kijivu na kumbukumbu, unauliza wajukuu anga leo likoje.

Onyo: ucheleweshaji usiwe wa kumficha msomaji. Yeye ajue kabla ya mhusika, au wajue wote wawili na mhusika aende hivyo hivyo. Ukimficha wote halafu ukaibua mwishoni atahisi umemdanganya.

## Hatua ya 5: Wape watu sababu ya kuufuata

Uzuri peke yake unatosha kwa mgeni na mtoto. Mtu mzima aliyezaliwa pale haendi kwa uzuri, anaenda kwa sababu ya unga, ada ya shule, deni. Tafuta mwanga wako unalipa nini.

Watu wanauliza kwanini binadamu wanaishi Goma, kule Kongo, chini ya Nyiragongo, mlima wa volkano ambao usiku mawingu yake yanakuwa mekundu kwa lava iliyoko ndani. Tarehe 17 Januari 2002 lava iliingia mpaka katikati ya mji, tarehe 22 Mei 2021 ikashuka tena. Na baada ya 2002 watu walianza kurudi ndani ya siku chache tu, wakati mawe bado ya moto. Sio wajinga wale. Pale kuna udongo unaozaa, kuna ziwa, kuna mpaka na biashara yake, kuna makaburi ya wazazi wao, na kule walikokimbilia hakukuwa na kitu. Mwandishi anayewaona wajinga hataweza kuandika hata ukurasa mmoja wa kweli kuhusu hatari.

Bonde la Mwali linalipa chumvi. Bonge la chumvi likikatwa wakati Mwali yuko juu linabaki na rangi aliyoivuta, na wapaka rangi wa mjini wanalinunua kwa bei kubwa wakazitie rangi nguo za matajiri. Kukata bonge moja kunataka hesabu 50 za kutazama, huwezi kukata bila kutazama kwa sababu ufa unahama. Piga hesabu mwenyewe: 300 gawanya kwa 50, bonge la sita ndo linaondoka na nyekundu yako. Na mtoto wa mjini anavaa nguo nyekundu ya sikukuu ambayo wekundu wake ulikuwa ndani ya macho ya mtu asiyemjua. Hiyo sikuipanga, ilijitokeza yenyewe nilipokuwa napiga hesabu, na ndo sababu nakusisitizia namba kwenye hatua ya 3.

## Hatua ya 6: Jina na maneno ya watu wake

Fupi hii. Usiuite "Lumina" wala "Aethra", msomaji wako anawaza kwa Kiswahili na Kiswahili kina hazina ya kutosha. Mwali ni mnururisho wa mwanga, na mwali pia ni binti aliyekuwa ndani akifundwa, siku ya kutolewa anapambwa na kila mtu anatamani kumwona. Neno moja limenipa mwanga, ngoma na miiko kwa mpigo. Ndo maana namwita "yeye" na sio "huo".

Watu wanaoishi na hatari huwa wanaizungumzia kwa maneno ya kila siku. Kuzunguka Goma na Ziwa Kivu kuna mabonde madogo ambayo hewa nzito ya kaboni inatuama ndani yake bila kuonekana, inaua mifugo na watu wanaoingia, na wenyeji wana neno moja tu fupi: mazuku. Mama anamwambia mtoto usipite huko kuna mazuku, basi imetosha.

Bonde langu hawasemi "nimepoteza uwezo wa kuona nyekundu". Wanasema "nimeshamtunza nyekundu", kama unavyomtunza mwali hela kwenye ngoma. Na watoto wanategeana kitendawili: nimemtazama mara moja, bustani yangu ikanyauka. Tengeneza matatu au manne ya hivyo yanatosha, usijaze kamusi.

## Hatua ya 7: Andika tukio la kwanza kwa macho ya mtu mmoja

Sasa ndo unaandika stori yenyewe. Masharti: mhusika mmoja, mahali pamoja, kurasa zisizozidi 2, na usieleze kanuni hata moja. Kanuni zionekane kwenye mikono ya watu. Ukijikuta unaandika "kwa maelfu ya miaka Mwali amekuwa..." kata hiyo sentensi yote.

Huu ni mfano wangu:

> Mkiwa alikuwa anahesabu kwa sauti ya chini. Arobaini na moja. Arobaini na mbili. Kisu kilishaingia nusu ya bonge. Chini ya chumvi Mwali alikuwa anapanda taratibu na mikono ya Mkiwa ikawa na wekundu ambao hakuna mtu aliyewahi kuupa jina, kama embe lililoiva likakataa kuacha kuiva.
>
> Nyuma yake Bibi amegeukia gizani, ameshika kamba aliyomfunga mjukuu wake kiunoni.
>
> "La ngapi hilo?"
>
> "La sita, Bibi."
>
> "Mpaka sasa hesabu ngapi?"
>
> "Arobaini na sita."
>
> "Toka."
>
> "Limebaki shingo tu Bibi. Kidogo."
>
> Bibi hakuvuta kamba. Aliishika tu, kwa mikono miwili, akamwacha mtoto amalize, kwa sababu na yeye aliwahi kuambiwa toka.
>
> Asubuhi Mkiwa aliingia jikoni kuchagua pilipili za kupeleka sokoni, zilizoiva huku, mbichi kule. Akashika moja. Akashika nyingine. Akazirudisha zote kwenye ungo akakaa chini sakafuni.
>
> "Shikamoo Bibi," akasema, hakuinua uso.
>
> "Marahaba mjukuu wangu." Bibi akavuta ungo upande wake, akaanza kuzichagua kwa kunusa.

Angalia nilichofanya na ambacho sikufanya. Hakuna neno "hatari". Hakuna aliyepiga kelele. Msomaji wa kawaida hajui kanuni ya 3 lakini ameshaelewa kwamba sita ni namba mbaya. Na uzito wote umebebwa na pilipili, kitu cha jikoni ambacho kila mtu ameshawahi kukishika. Tafuta pilipili yako. Kitu kidogo cha nyumbani ambacho mwanga umekiharibu kina nguvu kuliko mji mzima ulioteketea, nimeliona hilo kwenye rasimu baada ya rasimu.

Wengi wanafeli hapa kwa kuelezea mwanga aya tatu nzima kabla mtu hajafanya chochote. Mwanga upate sentensi moja mbili, kisha rudi kwa mtu, rudi kwenye kisu, rudi kwenye kamba. Zile sentensi 10 za hatua ya 1 ndo unazichukulia hapa, chagua 2 tu, zingine zihifadhi.

Utajua umefaulu ukisoma kwa sauti na sauti yako ikashuka yenyewe bila kuipangia.

## Hatua ya 8: Msomee yule mtu asiyesoma fantasia

Usimpe karatasi, msomee. Usimweleze chochote kabla. Akiuliza katikati usijibu, andika swali lake pembeni, hilo ni tundu kwenye stori yako.

Ukimaliza muulize maswali 3. Kwanini yule mtu alienda? Kitu gani kilimpata? Na wewe ungeenda?

Akishindwa la kwanza rudi hatua ya 5, akishindwa la pili rudi hatua ya 3 na ya 4. La tatu ndo lenyewe. Akijibu "siendi" haraka haraka, mwanga wako haulipi vya kutosha au haupendezi vya kutosha. Akijibu "naenda" haraka haraka, haumi. Mimi nilimsomea jirani yangu anayeuza nguo, akakaa kimya muda, akaangalia watoto wake wanacheza pale mlangoni, halafu akaniuliza bonge moja wanalilipa shilingi ngapi na mtu akiishia la tano si bado anabaki na nyekundu yake. Nikafunga daftari, kesho yake nikaanza sura ya pili.